Shida za watu wengine zinanipa wasiwasi mpaka silali, hii ni huruma au ni ugonjwa?

WakalaRangiTatu aliandika:

Habari za usiku ndugu zangu. Nimeandika hii nikafuta mara tatu, leo naituma hivyohivyo ilivyo.

Mimi ni mwanamke wa miaka 31, nina kibanda cha uwakala huku Mbagala Rangi Tatu, natoa na kuweka hela mitandao yote, mwaka wa sita sasa. Asiyeijua hii kazi anaweza kudhani ni kuhesabu noti tu, lakini pale dirishani ndo unayaona maisha ya watu. Mtu anakuja kutoa elfu ishirini aliyotumiwa na kaka yake anakwambia dada niharakishie mtoto yuko hospitali. Mwingine anatuma hela ya sanda. Mwingine anakuja kuangalia salio mara nne kwa siku anasubiri hela ambayo wewe ukimwangalia tu unajua haiji.

Tangu zamani mimi ni mtu wa huruma, nyumbani walikuwa wananiita machozi karibu. Sikuona tatizo. Ila mwezi wa tatu alikuja mama mmoja kashika simu mkononi inatetemeka, katapeliwa laki na themanini, ada ya mtoto, katumiwa meseji ya kutuma kwenye namba fulani akadhani ni ya shule. Nikahangaika naye kupiga huduma kwa wateja, tukaambiwa hela imeshatolewa. Yule mama hakulia. Alikaa kwenye benchi langu kama nusu saa anaangalia barabara tu, alafu akanyanyuka akasema asante mwanangu akaondoka.

Toka siku hiyo sijawa sawa. Usiku nikifumba macho namuona. Naamka saa tisa moyo unaenda mbio, viganja vimelowa, tumbo limekaza, naanza kuwaza yule mama kamwambiaje mumewe, mtoto kafukuzwa shule au la, vitu ambavyo sivijui na wala haviwezi kunijia jibu saa tisa usiku. Baadae ikawa sio yeye tu. Mteja akija uso umekunjamana basi na mimi kifua kinabana kabla hata hajasema kitu. Kwenye grupu la ukoo mtu akituma voisi ndefu siwezi kuifungua, naiangalia tu najua kuna mgonjwa humo ndani.

Nimeenda hospitali nikijua ni moyo. Wamenipima presha, damu, wakanipima na moyo kwa ile mashine ya kubandika waya kifuani, vyote vizuri. Daktari akaniambia punguza mawazo. Mume wangu nae anasema najibebesha mizigo isiyo yangu. Sawa, lakini unaitua vipi? Swali langu kwenu ni hivi, kuna mtu humu mwenye huruma nyingi ambae pia ana wasiwasi wa namna hii? Hivi vitu viwili vinahusiana, au mimi nna ugonjwa nausingizia huruma?

KijanaWaKimara alijibu:

Pole dada. Mimi ntakuwa mfupi. Kaza roho. Hii kazi ya hela haitaki huruma, mteja akija fanya muamala mpe risiti aende, ukianza kuuliza hela ya nini utakufa mapema na wao watahamia kwa wakala mwingine. Usimuulize mtu chochote na usimwangalie usoni. Nakwambia kwa nia njema kabisa.

WakalaRangiTatu aliandika:

Asante kaka, najua una nia njema. Ila nikuambie kitu ambacho sijamwambia hata mume wangu. Hiyo ya kukaza roho nilishaifanya. Wiki mbili zilizopita nilimuona dada mmoja mteja wangu wa siku nyingi anakuja huku analia, yuko kama hatua ishirini, nikashusha dirisha nikageuza kibao upande wa FUNGA, nikakaa chini kwenye sakafu asinione. Alisimama pale akagonga mara mbili akaondoka. Nilikuwa na floti ya kutosha. Sikuwa na sababu yoyote zaidi ya kwamba sikuweza kumuona analia. Sasa huyo ni mtu mwenye huruma kweli? Hilo ndo linaniumiza kuliko hata kukosa usingizi.

NesiZamuYaUsiku alijibu:

Dada yangu, nimesoma hapo kwenye kushusha dirisha nikaweka simu chini kwanza. Mimi ni muuguzi, nimekaa wodi ya watoto miaka tisa, na mimi nimewahi kujificha stoo ya dawa dakika kumi nzima ili mama fulani aondoke koridoni. Kwahiyo usijione mbaya. Ngoja nikueleze nilichokuja kujifunza, itakuwa ndefu nivumilie.

Tunatumia neno moja huruma kwa vitu ambavyo kiukweli ni tofauti. Kuna mwanasaikolojia wa Marekani anaitwa Mark Davis, mwaka 1980 alitoa dodoso la maswali 28 la kupima hiki kitu wenyewe wanaita empathi, akakigawa sehemu nne. Moja ni kuweza kuona jambo kwa upande wa mwenzio. Nyingine ni kumjali, ule moyo wa kumtakia nafuu. Nyingine ni kuzama kwenye hadithi mpaka ukalia na mtu ambae hayupo. Ya nne ndo yako wewe na mimi, ni ile taharuki inayokuingia WEWE ukiona mwenzio yuko kwenye shida, unabanwa, unachanganyikiwa, unataka kukimbia. Watu wanaopata alama nyingi kwenye hiyo ya nne ndo ambao mara nyingi wana wasiwasi. Sio kwamba mwenye kujali sana lazima awe na wasiwasi sana, hapana. Mtu anaweza kujali kweli na moyo wake ukatulia.

Sasa kuhusu dirisha. Mwaka 1981 Daniel Batson na wenzake huko Marekani waliwaweka watu wamuangalie msichana anapigwa shoti za umeme (za kuigiza, wao hawakujua kama ni maigizo) alafu wakawauliza uko tayari kukaa badala yake? Wengine waliambiwa mkitaka mnaweza kuacha kuangalia muda si mrefu, wengine wakaambiwa mtaangalia mpaka mwisho. Waliojaa taharuki yao wenyewe, wakipewa mlango wa kuondoka wengi waliondoka. Waliokuwa wanamjali yule msichana walijitolea hata kama mlango uko wazi. Nilivyosoma hii nilikumbuka stoo ya dawa. Maumivu ya yule mama yalikuwa yamegeuka kuwa maumivu yangu, na mtu mwenye maumivu anatafuta pa kupona, ndo nikajificha. Wewe hukumkimbia yule dada, ulikimbia moto ambao tayari ulikuwa unawaka kifuani kwako. Huruma yako ipo, imezidiwa tu.

Na hilo la mwili wala sio kujiendekeza. Tania Singer alifanya utafiti London uliotoka 2004, wanawake 16 wakiwa kwenye mashine ya kupiga picha ubongo, na wapenzi wao pembeni. Sehemu fulani za ubongo, zile zinazobeba ule uchungu na karaha ya maumivu, ziliwaka mwanamke akiumizwa mwenyewe na ziliwaka pia alipojua anayeumizwa ni mpenzi wake. Iliyobaki kimya ni ile sehemu inayokwambia hasa umeumizwa wapi. Yaani ngozi haikuumia ila uchungu ulikuwepo. Baadae yeye na mwenzake Olga Klimecki waliwafundisha watu, kwanza kuzama kwenye uchungu wa wengine, wakatoka hisia za uchungu zimewazidi. Kisha wakawafundisha kumuelekea mwenye shida kwa upendo na kumtakia heri, hapo ile hali ikapungua na zikaamka sehemu nyingine za ubongo. Kwahiyo kinafundishika.

Mimi nafanyaje. Mama akianza kulia, kitu cha kwanza natoa pumzi nje, polepole, ndefu kuliko ninavyovuta. Ukitoa pumzi taratibu moyo unapunguza kasi, ndivyo mwili ulivyoumbwa. Miguu naiweka chini yote miwili. Alafu kimoyomoyo najiuliza huyu anahitaji nini kwangu sasa hivi, na mara nyingi jibu ni dogo sana, maji, kiti, kumwambia daktari anapita saa ngapi. Nikishampa hicho kidogo mwili wangu unatulia kuliko nikisimama nimeganda. Kaka wa Kimara samahani lakini kutomuangalia mtu usoni kwangu kulifanya hali iwe mbaya zaidi, kila nilipokimbia, uso uliofuata ulinitisha zaidi.

Mwisho, silali, moyo mbio, miezi inapita, hiyo sio tabia tena, hiyo itibiwe. Kuna dodoso la maswali 7 la kupima wasiwasi tunatumia, linauliza wiki mbili zilizopita umekuwaje, kila swali 0 mpaka 3, jumla 21. Ukifika 10 unatakiwa uonwe vizuri. Nenda hospitali ya rufaa ya mkoa ulizia kliniki ya afya ya akili, usiogope jina. Hilo la "punguza mawazo" ulilopewa, nakuomba radhi kwa niaba ya kada yangu.

BintPangani alijibu:

Nesi umesema vizuri lakini mimi nataka kurudi nyuma kidogo, maana swali la dada ni kipi kinaleta kingine.

Mimi nilisifiwa huruma toka mdogo. Baba yetu, Mungu amrehemu, alikuwa mtu mwema akiwa sawa na mtu mwingine kabisa akiwa amelewa. Alikuwa anarudi na baiskeli. Mimi nikiwa na miaka saba nilikuwa najua kwa jinsi alivyoegesha ile baiskeli ukutani leo ni siku gani. Ikiegeshwa taratibu nawaambia wadogo zangu endeleeni kucheza. Ikibamizwa nawaingiza chumbani, namsogezea maji ya kuoga, naficha madaftari. Mama alikuwa anawaambia majirani huyu mtoto ana imani sana, anajua mtu akiwa na dhiki kabla hajasema. (Kwetu pwani kumuonea mtu imani ndo kumhurumia, nimelipenda siku zote hilo neno.)

Nimekuja kujua ukubwani kwamba ile haikuwa imani peke yake. Ilikuwa ni ulinzi. Mtoto aliyelelewa kwenye hofu anajifunza kusoma nyuso maana usalama wake uko kwenye nyuso za watu, na akikua anaendelea kuzisoma hata pale ambapo hakuna hatari. Kwahiyo kwangu mimi wasiwasi ulikuja KWANZA, alafu ukavaa nguo ya huruma, na watu wakanisifia nguo.

Na nimegundua kitu kingine, kusoma huko sio kwamba nilikuwa napatia siku zote. Mwaka jana jirani yangu alikuwa kanuna wiki nzima, nikashindwa kula nikijua nimemkosea, nikapika visheti nikampelekea kuomba radhi. Akanishangaa, kumbe jino linamuuma. Wiki nzima mimi nimeteseka na jino la mtu! Sasa hivi nimejiwekea utaratibu, nikihisi mtu ana jambo namuuliza waziwazi, una nini leo? Nikijibiwa naamini nilichojibiwa. Ni kazi ngumu kuliko inavyosikika, hasa hiyo ya kuamini.

Dada wa Rangi Tatu, sikulazimishi kujibu, lakini ulivyokuwa mdogo ulikuwa unamuangalia nani?

MzeeWaIringa alijibu:

Wanangu nawasoma kwa makini sana, nami nina neno.

Yote mnayosema ya ubongo na malezi nayakubali. Ila naona mnaongea kama vile ni kasoro ya mtu mmojammoja. Sisi tukifiwa kijijini, uchungu ule ulikuwa na kazi ndani yake. Unalia, lakini unalia huku unachota maji, unapasua kuni, unalala chini na wafiwa siku tatu. Mwili ulikuwa unapata pa kuutoa. Na mliokuwa mnaumia mlikuwa wengi pamoja kwa ajili ya mmoja mnayemjua.

Huyu binti yetu yuko peke yake kwenye kibanda, mbele yake wanapita watu mia kwa siku, kila mmoja na lake, anasikia kipande tu cha habari na mwisho wake haujui. Hajui mtoto alipona au la. Akifunga kazi, simu inamletea ajali ya mkoa mwingine na mgonjwa anayechangiwa ambaye hatamuona maisha yake yote. Uchungu unaingia, kazi ya kufanya hakuna. Hata ningekuwa mimi ningeumwa.

Binti, hizo picha za ajali mtandaoni acha kufungua, hazikuhusu na humsaidii mtu kwa kuziona. Na tafuta wakala mwenzio wa jirani, jioni mkifunga mkae dakika kumi mwambiane ya siku hiyo. Nilikuwa mwalimu miaka 34, pasipo wenzangu wa ofisini waliokuwa wananisikiliza habari za wanafunzi waliokuja darasani na njaa, nisingefika kustaafu.

KijanaWaKimara alijibu:

Nimesoma zote. Dada naomba radhi kama nilikukwaza. Mimi mwenyewe nilikuwa bodaboda, nikapata abiria mgonjwa akafia njiani mgongoni kwangu, 2021. Toka hapo nikajifunza kutomuangalia mtu usoni. Nilidhani ni ushauri.

NesiZamuYaUsiku alijibu:

Kaka yangu. Pole sana. Hilo la kulibeba peke yako miaka yote hiyo hapana. Nimekutumia ujumbe pembeni, tafadhali nijibu.

WakalaRangiTatu aliandika:

Nimerudi, imepita kama wiki nne. Samahani kwa kimya.

Kwanza kaka wa Kimara hujanikwaza, na pole sana, nimekuwa nakuombea.

Nilienda kliniki. Nilijaza lile dodoso nikapata 14. Nimepangiwa kuonana na mshauri kila wiki mbili, nimeshaenda mara mbili, dawa bado tumesema tuangalie kwanza. Nimeambiwa na kahawa nipunguze, nilikuwa nakunywa vikombe vitano pale kibandani tena mpaka jioni, kumbe nae anachangia moyo kwenda mbio. Na jioni nakaa na Mama Zuhura wa kibanda cha pili. Siku ya kwanza tuliona aibu, siku ya pili akaanza yeye, akalia. Kumbe na yeye ana wateja wake wanaomjia mawazoni usiku.

BintPangani swali lako nililibeba siku nyingi. Mama yangu ana pumu. Nilikuwa nalala nae chumba kimoja, kuanzia miaka nane, nikawa nasikiliza pumzi yake. Ikibadilika kidogo tu nishaamka namtafutia dawa. Hakuna aliyenituma, nilijituma tu, maana usiku mmoja alizidiwa na hakukuwa na mtu mwingine ndani. Saa tisa ndo ilikuwa saa yake ya kubanwa. Sikuwahi kuunganisha hiyo saa tisa na hii ya sasa mpaka nilivyoanza kumuelezea mshauri, nikashindwa kumaliza sentensi.

Yule dada niliyemfungia dirisha nilimpigia. Sikumwambia kila kitu, nilimwambia tu siku ile nilikuwepo na sikufungua, nisamehe. Alikaa kimya kidogo akasema alikuwa amefukuzwa kazi, alitaka kutoa elfu kumi ya nauli. Amerudi kuwa mteja.

Juzi alikuja mzee mmoja anatuma rambirambi, mikono yake imekakamaa anashindwa kubonyeza namba ya siri. Kifua kikaanza. Nikatoa pumzi taratibu, miguu chini. Nikamuuliza baba ni nani amefariki, akasema dada yangu mkubwa. Nikamwambia pole sana baba, kaa hapo kwenye benchi kwanza, nikampa maji. Akakaa, akanisimulia kidogo walivyokuwa wanachunga mbuzi pamoja, muamala ukapita akaondoka. Usiku niliamka tena saa tisa, sio kwamba nimepona. Nikamkumbuka, nikasema Mungu amtie nguvu, nikageukia upande wa pili nikalala.

Mama anawasalimia. Nimemsomea hapa kila kitu, sehemu ya baiskeli aliniambia rudia.